Mlango wa Lifti ya Mwezini

Sekela aliibuni hadithi ya lifti ile akishona mapazia kibandani kwake Mwanjelwa: watu wa Mbeya wangepanda nayo hadi mwezini kama wanavyopanda ghorofa za benki, na vikapu vyao mkononi. Alimsimulia mwigizaji rafiki yake, Asukile, kuanzia mwanzo hadi mwisho. Asukile akaipeleka Iringa, kwenye kituo kidogo cha televisheni, akarudi akiitwa mtunzi wa tamthilia, na ndiye atakayeigiza kapteni wa lifti. Sekela alipodai haki yake, alijibiwa, "Dada, hadithi ya mdomo haina mwenyewe."

Hakugombana naye. Alipanda basi hadi Iringa, akaomba kazi kwa mwongozaji, mama mmoja aitwaye Evarista, akapewa mlango. Maana lifti yenyewe ilikuwa kasha la plaiwudi lililopakwa rangi ya fedha, na ule mlango ambao kwenye runinga ungeonekana kufunguka wenyewe ulivutwa kwa kamba na mtu aliyejificha nyuma.

"Umekuja kunifungulia mlango?" Asukile alicheka.

"Ndiyo, kapteni." Alilimeza lile neno, likamkaa rohoni kama mwiba wa samaki.

Uzinduzi ulirushwa moja kwa moja, ukumbi umefurika. Asukile aliingia kwenye lifti, akawaaga watu wa dunia, mlango ukafungwa, moshi ukafuka. Ulipofika wakati wa kushuka mwezini, Sekela aliizungusha kamba kwenye msumari, akaikaza, mlango usifunguke.

"Fungua," Asukile alinong'ona, akisahau kipaza sauti kilichobanwa kifuani mwake.

"Sema kwanza hadithi ni ya nani."

"Fungua, wewe mshona mapazia! Nimekuchukulia hadithi yako, haya, utanifanya nini? Nani atakusikiliza?"

Spika zilibeba kila neno. Ukumbi ukaangua kicheko. Hapo ndipo Sekela alipolegeza kamba, taratibu, ili wamwone vizuri jasho likimtiririka.

Evarista alimnyang'anya Asukile ukapteni, na utunzi ukarudi kwa mwenyewe. Baadaye Asukile alikuja Mwanjelwa kuomba radhi, na walau nafasi ya abiria. Sekela alimpa chai, akamsikiliza hadi akamaliza. Nafasi akampa kweli: abiria aliyekwama katikati ya dunia na mwezi, anayegonga mlango kila kipindi, wala hafunguliwi. Aliiandika usiku huohuo, akitabasamu.