Bwana Gogo

Tangu serikali ilete filamu ile ya kilimo cha muhogo, Matano wa Marui hakuwa na jina tena. Kisarawe nzima ilimwita Bwana Gogo. Kosa lake nini? Mzungu wa filamu alimwambia alale kivulini, akalala. Alfonce wa Maneromango aliambiwa alime, akalima. Basi! Lakini watu waliona mvivu na mchapakazi, na nani angewabishia?

Mzee Pazi wa Mzenga alipopelekewa posa ya bintiye Swaumu, aliirudisha. "Simpi gogo mwanangu," alisema. "Sikusimuliwa. Nimemwona kwa macho yangu mawili."

Binamu yake Matano, Abdala, naye aliumia, kwani mashine ya sinema kwenye gari la serikali aliiendesha yeye. Kila kijiji alimlaza ndugu yake mbele za watu, wakamcheka, na mkanda ukaendelea kuzunguka.

Sasa, Abdala alikuwa na ugonjwa wake: hakutupa kipande cha filamu. Vilivyokatika njiani na alivyookota ofisini, vyote aliviunga kwa gundi, punda wa filamu hii akafuatwa na treni ya filamu ile, aone vitazaa nini. Wenzake walisema ana wazimu. Yeye aligundua kwamba picha ileile, ukiibadilishia jirani, inasema mengine.

Filamu ya muhogo ilipochakaa, mkubwa wake alimwambia aitupe. Thubutu! Aliibeba hadi nyumbani. Kopo lake la vipande vya kuokota lilikuwa na vile ambavyo Mzungu alivikataa: Matano akifyeka na kulima kwelikweli, jasho linamtiririka, wakati mashine ya kupigia picha ikijaribiwa. Abdala alivitanguliza hivyo, usingizi ukafuata. Mvivu akawa mtu aliyechoka. Halafu alitafuta mtu wa kumtazama Matano, akamwona Alfonce alipojinyoosha kidogo, mikono kiunoni. Akamweka. Alfonce akilima alimkata, na mabaki, kwa mara ya kwanza maishani, aliyachoma uani, maana filamu zile zilishika moto upesi na mkewe hakuzitaka ndani.

Siku ya Mzenga hakushika kipaza sauti. Aliacha picha ziseme zenyewe. Matano alilima, akalima, akalala. Alfonce akasimama akimtazama.

Mzee Pazi akapiga paja. "Lo! Kumbe kijana alikuwa hoi! Na huyu Bwana Kiuno, kazi yake kusimamia jasho la mwenzake?"

Uwanja mzima ukaangua kicheko. "Mwambieni Matano arudishe washenga," mzee akaongeza. Abdala alifurahi hadi machozi yakamlenga.

Alikuwa akifungasha mashine Alfonce alipomjia, kofia mkononi, na mkewe Benedikta nyuma yake. Walikuwa wametembea kutwa kuja kuitazama filamu yao.

"Bwana Abdala," Alfonce alisema, "umefanya vema kumsafisha ndugu yako. Sina kinyongo. Lakini mimi nililima siku mbili mbele ya mashine ile, na wewe mwenyewe umenionyesha mara ngapi! Tafadhali, nionyeshe na mimi nikilima, watu hawajafika mbali."

Abdala alilifungua kopo, ingawa alijua. Aibu ilimpanda hadi masikioni.

"Nimevichoma," alisema.

Benedikta alimshika mumewe mkono waondoke. Nyuma ya gari vijana walikuwa wameshaanza: "Bwana Kiuno! Bwana Kiuno!"