Namba Inayosukuma Nyota

Wallahi, billahi, watallahi, haya ni kweli tupu, hayana chumvi hata ya kutia kwenye mlenda. Anayebisha aende Dodoma, Barabara ya Nane, aulizie Hamidi fundi redio. Ataambiwa Hamidi ni mwongo. Hilo nalo ni kweli, na ndilo lililoleta balaa.

Mji mzima ulimpenda Hamidi bila kumwamini. Ndiye aliyesimulia kwamba redio ya mkulima mmoja wa Zuzu ilimeza nzige, ikawa inasoma taarifa ya habari kwa Kigogo, tena ikikohoa. Ndiye aliyeapa kwamba katika mvua za El Niño alimwona kambare akidandia treni ya mizigo kwenda Tabora, tena kwa masharubu yaliyochanwa vizuri. Soko huria lilipoleta redio za bei chee kutoka Dubai, zile ambazo zikifa zinatupwa badala ya kutengenezwa, Hamidi alifunga kibanda akajiita mstaafu. Mikono ikakosa kazi, mdomo ukaongezewa zamu.

Alikuwa Mnyamwezi wa ukoo. Babu yake aliingia na msafara, mzigo kichwani, akautua Dodoma, akaoa, akasahau kuunyanyua tena. Kwa hiyo Wagogo walikuwa watani zake, na katika Wagogo wote hakuna aliyemtania kwa raha kama Mwalimu Nathanaeli wa Mkonze, aliyefundisha fizikia sekondari mpaka akastaafu, akabaki na shamba lake la zabibu na mke wake Ruthu.

Ruthu alipofariki, Hamidi aliingia kaburini kabla ya jeneza, akajilaza chali, akagoma kutoka.

"Nafasi imeshapata mtu," alisema kutoka chini. "Shemeji mrudisheni nyumbani akapike."

"Mpagazi, toka humo!" Mwalimu alimwambia, machozi yakimtiririka huku mabega yakitikisika kwa kicheko. "Ukizikwa wewe ardhi hii haitaota kitu."

"Kwani sasa hivi inaota nini, Mgogo?"

Alipewa jogoo ndipo akatoka. Watu walicheka, wakalia, wakazika. Kazi ya utani ndiyo hiyo.

Miezi ilipita. Siku moja wakiwa shambani, Mwalimu akipogoa mizabibu na Hamidi akiwa kivulini akimsimamia kwa maneno, Mwalimu alisema jambo ambalo hakuwa amemwambia mtu.

"Mchungaji anasema nitamwona Ruthu siku ya ufufuo. Nimejaribu kuamini, imekataa. Inakaa kifuani kama ugali usioiva. Lakini lipo moja ninaloliamini." Aliokota jiwe akalirusha juu. Likapanda, likapunguza mwendo, likasimama kidogo, likarudi. "Ulimwengu ulirushwa hivyo. Tangu mwanzo unatanuka, nyota zinakimbiana. Ila kila chenye uzito kinavuta mwenzake. Itafika siku mwendo utachoka, vyote vigeuke, virudi, mpaka vikutane mahali padogo kuliko punje ya uwele."

"Na shemeji?"

"Naye. Udongo wake na wangu. Utakuwa moto mtupu, hatutajuana. Lakini hatutakuwa mbali."

Hamidi alilitazama jiwe pale lilipoangukia. Aliona kwamba mzee mwenzake alikuwa ameutundika moyo wake wote kwenye lile jiwe, na kwamba jiwe lisiporudi hana kingine.

Angekumbuka hivyo mwaka tisini na nane, yasingetokea. Lakini mwongo ana udhaifu wake: akipata habari ya kweli iliyo kubwa kuliko uongo wake wote, hawezi kukaa nayo. Hamidi aliisikia redioni, idhaa ya Kiswahili ya ng'ambo, akiwa anakunywa chai. Aliacha kikombe nusu, akapanda baiskeli, akaenda Mkonze bila kushusha mguu chini.

"Mwalimu! Nimekuja kukufundisha fizikia."

"Kafundishe punda, mpagazi. Mtaelewana."

"Sikiliza kwanza, mla mlenda. Wazungu wamepima nyota zilizolipuka, za mbali, mbali ambako hata Mgogo hajafika kuomba. Wamezikuta hafifu kuliko hesabu ilivyotaka. Maana yake ziko mbali zaidi. Ulimwengu haupunguzi mwendo, unaongeza! Kama lori la mahindi ya Kongwa lililokatika breki."

Mwalimu alicheka mpaka akashika kiuno. "Lori likikatika breki linateremka mlima. Huko juu mlima uko wapi?"

"Ipo namba inayosukuma. Einstein aliitia kwenye hesabu zake, halafu akaitoa."

Kicheko kilikatika. Kambare wa treni Hamidi angeweza kumtunga mwenyewe, hata na mkewe kambare. Hiyo namba asingeweza.

"Aliitia ili ulimwengu usimame tuli," Mwalimu alisema polepole, "nyota zisiangukiane. Walipogundua kwamba unatanuka, akaifuta. Wanasema aliijutia. Namba ile ilikufa kabla mimi sijazaliwa."

"Basi imefufuka!" Hamidi akapiga kofi paja.

Mwalimu aliweka chini mkasi wa kupunguzia majani. "Vumbi," alisema. "Ni vumbi tu hilo. Upepo wa Agosti ukivuma, taa ya stesheni ya Zuzu inafifia, utadhani iko nchi nyingine. Kumbe ipo pale pale. Huko nako kuna vumbi."

"Hata hilo wameliangalia. Vumbi lingeugeuza mwanga uwe mwekundu. Haukuwa mwekundu."

Mwalimu aligeuka kutazama magharibi. Jua lilikuwa linazama upande wa Zuzu, ndani ya vumbi la jioni, jekundu kama kaa. Alilitazama muda mrefu, na Hamidi, aliyekuwa bado anatabasamu, ndipo alipolikumbuka jiwe.

"Nenda nyumbani, Hamidi," alisema Mwalimu.

Hakusema mpagazi.

Baada ya hapo Mwalimu hakuonekana sokoni wala kanisani. Sikuzani, mke wa Hamidi, alikwenda Mkonze kumjulia hali, akarudi amevimba kwa hasira.

"Zabibu zimeiva, ndege wanakula. Yeye amekaa kwenye kiti anawatazama kama wageni aliowaalika. Nimempikia uji, ameniambia asante, hakuugusa. Umemwambia nini mwenzio?"

Hamidi akaeleza.

"Na kichwa chako kilikuwa wapi? Mtu ana uzi mmoja tu unaomshikilia, wewe unaukata ukicheka!"

"Ilikuwa kweli, Sikuzani."

"Ndiyo siku uliyoichagua kusema kweli? Maisha yako yote hukuweza, ukaanza kwa mjane yule?"

Siku ya pili Hamidi alifungua beberu wake, yule mweusi aliyekuwa amemweka kwa ajili ya Idi, akamkokota hadi Mkonze. Njiani alitunga. Hakuwahi kutunga kwa uangalifu namna ile. Alifika akapiga hodi, akamkuta Mwalimu kitini, ndevu zimeota, nzi wakizunguka mashada ya zabibu yaliyopasuka.

"Mwalimu, nisamehe. Nilikuongopea. Hakuna cha redio wala nyota. Ile ya namba niliisoma kwenye gazeti kuukuu la kufungia vitumbua, nikaitilia mbwembwe ili nikuchokoze. Jiwe linarudi kama ulivyosema. Nimeleta mbuzi, pokea, yaishe."

Alisema vizuri. Sauti haikutetemeka, macho hayakukimbia. Mwenyewe alikaribia kuamini.

Mwalimu alimtazama beberu, kisha akamtazama yeye.

"Tumetaniana miaka mingapi?"

"Tangu ujana wetu."

"Umenidanganya mara ngapi?"

"Nani anahesabu!"

"Umewahi kuniletea hata yai?"

Hamidi akamvuta beberu karibu.

"Mtani akidanganya anadai, Hamidi. Anachukua kuku, anakwenda zake anacheka. Mtani halipi. Analipa mtu aliyeumiza." Mwalimu akanyoosha mkono, si kwa hasira, akaigusa kamba ya mbuzi. "Nilikuwa nimebakiwa na kitu kimoja: kwamba wewe ni mwongo. Nilikaa nacho hapa siku zote hizi. Nikasema, Mnyamwezi huyu hajawahi kusema kweli, kwa nini aanze leo? Sasa umeniletea mbuzi."

Hamidi aliizungusha kamba kiganjani.

"Niambie redio ilisemaje. Yote. Bila chumvi."

Hamidi alichuchumaa kando ya kiti, akasema. Kwamba nyota za mbali zitazidi kuondoka, mpaka mwanga wake usiweze kutufikia, zizimike machoni moja baada ya nyingine, na kila kundi la nyota libaki peke yake gizani. Kwamba wataalamu wenyewe wanagombana: wengine wanasema vipimo vina kasoro, na wale wanaoitafuta namba hiyo kwa hesabu za vitu vidogo visivyoonekana wanapata namba kubwa mno, ambayo ingeupasua ulimwengu kabla haujazaa hata nyota moja.

"Kwa hiyo hawajui inatoka wapi."

"Hawajui, Mwalimu. Huenda wakaifuta tena. Si walishaifuta?" Hamidi alidaka hapo kama mtu anayezama. "Huenda!"

"Yupo aliyesema vitu vitarudi?"

Hapo angeweza kutunga. Neno lilikuwa tayari ulimini.

"Hayupo," alisema.

Mwalimu akatikisa kichwa kukubali, kama alivyokuwa akifanya darasani mwanafunzi akipata jibu. Akanyanyuka kwa shida, akaichukua kamba mkononi mwa Hamidi, akamfunga beberu kwenye nguzo ya uzio.

"Asante kwa mbuzi, Bwana Hamidi. Wasalimie nyumbani."

Hamidi alisimama getini akingoja aitwe mpagazi, au punda, au mla michembe ya viazi, chochote. Mwalimu alikuwa ameshageuka, anaingia ndani, na mlango ukafungwa taratibu, kwa adabu zote.