Mlango wa Nne wa Kitabu cha Mwari

Masika ya mwaka ule yalinyesha Kiegeani siku kumi na saba bila kupumzika, na paa la Mwalimu Biubwa likavuja juu ya kasha la vitabu. Mvua ilipokatika, kasha likafunguliwa na wanafunzi wakainama kutazama. Misahafu ilikuwa imefungwa ndani ya ngozi, ikasalimika. Kitabu cha Mwari ndicho kilicholoa. Wino wa masizi ulikuwa umechuruzika, na kurasa za katikati zimegandana kama mkate wa kumimina uliotolewa mbichi.

Kitabu hicho alikitunga Biubwa mwenyewe alipokuwa na miaka ishirini na mitano, mke mchanga asiye na mtoto, ndiyo kwanza ameanza kusomesha wasichana Kurani ukumbini kwake. Kilikuwa na milango saba. Kilieleza msichana aishi vipi tangu siku anapovunja ungo mpaka anapokuwa na nyumba yake: usafi, sala, adabu kwa wazazi, matamanio, kazi za mikono, mume, wakwe. Karatasi zilikuwa adimu, mpaka mtu avuke bahari kwenda kisiwa cha Chole, kwenye boma la Wadachi, dukani kwa Mhindi. Kwa hiyo wasichana hawakukinakili, bali walikihifadhi kwa moyo. Hakuna aliyetoka chuoni kwa Biubwa bila kukisoma kwa kichwa mbele ya mama yake, na mambo yalikwenda hivyo kwa miaka zaidi ya thelathini.

Biubwa alizipapasa kurasa kwa vidole. Macho yake yalikuwa yameingia wingu jeupe, na huo ulikuwa mwaka wa tatu hawezi kushika kalamu.

"Sihaba yupo?"

"Nipo, Mwalimu."

"Kesho njoo na kalamu yako. Tutakiandika upya."

Sihaba binti Tahir alikuwa na miaka kumi na sita. Alikuwa amehitimu Kurani mwaka uliopita, na kwa desturi angekuwa ndani kwao, anasuka ukili na kungoja kuolewa. Lakini mwalimu alikuwa amemwomba kwa baba yake aje kusaidia watoto wadogo, na Tahir hakuona ubaya. Sihaba aliipenda kazi ile kuliko alivyothubutu kusema. Alipenda kumtazama mtoto ambaye mwezi mzima alikuwa akizishika herufi kama mtu anayeshika kaa, halafu siku moja akaziunganisha na zikatoa jina lake. Aliporudi nyumbani aliwaza herufi, na alipolala aliwaza nani kesho atoke kwenye alifu aingie kwenye ba.

Posa nayo ilikuwa imekwisha kuja. Shaibu, mtoto wa Bwana Zahor wa Miburani, watu wa mashamba ya minazi wenye kuhesabu babu zao mpaka Omani, alikuwa amemchumbia, na ndoa ilipangwa baada ya Ramadhani. Miburani si mbali na Kiegeani. Lakini mke wa nyumba ya Zahor hakuwa mtu wa kuonekana njiani kila asubuhi, kwa hiyo Sihaba alijua kwamba siku atakayoolewa ndiyo siku ya mwisho ya chuo. Hakumwambia mtu. Hakuna aliyemuuliza.

Kazi ya kuandika ilianza. Milango mitatu ya kwanza ilisomeka, akainakili bila taabu. Siku ya nne wakafika palipogandana.

"Andika," alisema Biubwa. "Mlango wa nne, katika matamanio ya mtoto wa kike."

Sihaba aliandika, na hakungoja yanayofuata. Maneno yale alikuwa akiyasikia tangu utotoni, mama yake akiyasema huku anachambua mchele: *Mwari na atamani yaliyo ndani ya ua wake, ya nje ya ua yana wenyewe.* Mkono ukatangulia.

"Mbona kalamu inakimbia na mimi sijasema neno?"

"Nayajua, Mwalimu."

"Futa. Andika hivi: Mwari na aulizwe anatamani nini, kabla hajaambiwa atakuwa nani. Asiyeulizwa utotoni hujiuliza mwenyewe ukubwani, na hapo hana wa kumjibu."

Kalamu ya Sihaba ilibaki juu ya karatasi mpaka ikadondosha tone.

"Mwalimu, sivyo kilivyokuwa."

"Sivyo. Yale niliyaandika kabla sijalea mtoto wa mtu hata mmoja. Sasa wamepita mikononi mwangu mia na zaidi. Andika."

"Na watu wakiuliza?"

"Waje waniulize mimi. Mlango wangu hauna komeo."

Alasiri Sihaba alirudi nyumbani na karatasi zake. Mama yake, Zuleikha, alikuwa amekaa kwenye baraza ya ndani anasuka. Yeye naye alisomea kwa Biubwa, na wakubwa walisema kwamba katika miaka yote ile hajatokea msichana aliyemshinda kichwa. Desturi yake ilikuwa kukagua mwandiko wa mwanawe, hapa herufi imelegea, pale nukta imepotea. Alisoma kurasa moja moja akizilaza mkekani. Kwenye mlango wa nne alisita. Akasoma tena, midomo ikicheza.

"Nani kasema haya?"

"Mwalimu."

"Umesikia vibaya."

"Sikusikia vibaya, mama. Nilimuuliza."

Zuleikha aliuweka ukili pembeni, akachukua kanga yake ya kutokea, akajitanda. "Nifuate," alisema.

Walimkuta Biubwa ametoka kusali, tasbihi bado iko mkononi.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, Zuleikha. Nilijua utakuja. Nilidhani utakuja kesho."

Zuleikha hakukaa. "Unaukumbuka mwaka ulipoletwa ujumbe kutoka Unguja?"

"Naukumbuka."

"Mwambie huyu."

"Mwambie wewe. Ni mwanao."

Hapo ndipo Sihaba aliposikia habari ambayo nyumbani kwao haikuwahi kutajwa. Mama yake alieleza akiwa amesimama, sauti ya kawaida, kama anayeeleza njia ya kwenda kisimani. Wakati ule yeye Zuleikha alikuwa na miaka kumi na sita. Dada yake Biubwa alikuwa Unguja, nyumbani kwa bibi mmoja mwanachuoni aliyesomesha wanawake nahau na fikihi, na dada huyo akaandika kwamba bibi apelekewe msichana mmoja mwenye kichwa. Biubwa akamtaja Zuleikha. Babu yake Sihaba hakukataa. Alisema, muulizeni mwenyewe.

"Nikaulizwa," alisema Zuleikha. "Watu wamejaa ukumbi huuhuu. Nikajibu nini, Mwalimu?"

"Ulisoma mlango wa nne."

"Wote. Kwa kichwa, bila kukwama. Na wewe ukalia kwa furaha, ukanibusu hapa." Alijigusa kipaji. "Mji mzima ulinisifu. Nikakaa ndani ya ua wangu, na kila moyo uliponiuma nilijiambia, kitabu kimesema. Tahir ni mume mwema, simlalamikii. Lakini leo unamwandikisha mwanangu kwamba kitabu kilikosea?"

"Kitabu hakina kosa, nilikosea mimi," alisema Biubwa. "Uliulizwa, ndiyo. Lakini jibu nilikuwa nimekwisha kulitia kinywani mwako tangu una miaka minane."

"Na haya ya sasa je? Baada ya miaka thelathini mingine utasema nini?"

"Nitakuwa nimekufa. Atasema huyu."

Zuleikha alimtazama Sihaba kana kwamba ndiyo kwanza anaona kuwa yumo chumbani. Kisha akakaa chini, kwa uzito. Nje watoto wawili walikuwa wakigombania ubao wa kuandikia. Biubwa alinyoosha mkono kumtafuta Zuleikha, akaukuta ukingo wa kanga tu, akaushika huohuo.

"Kauli ile ya zamani usiifute," Zuleikha alisema. "Iandike kama nilivyoisoma mimi, kisha chini yake iandike hii mpya. Watu wameishi kwa ile. Haikatwi kama ukucha ikatupwa."

Biubwa hakupendezwa, na uso wake haukuficha. "Mtoto atafuata ipi?"

"Atauliza. Si ndivyo unavyotaka?"

Mwalimu alizungusha tasbihi mkononi. "Andika zote mbili," alimwambia Sihaba.

Njiani Zuleikha alitangulia mpaka walipopita minazi ya mwisho na paa la kwao likaonekana. Hapo alisimama. "Haya. Unatamani nini?"

Sihaba alikuwa ameyaandika maneno yale kwa mkono wake asubuhi ileile. "Sijui, mama."

"Unajua."

"Nataka kubaki chuoni."

"Na Shaibu?"

"Shaibu simkatai. Miburani ndiko sikutaki."

Zuleikha aliguna, akaendelea kutembea. Siku hiyo aliongea na mumewe chumbani. Tahir alikuwa mtu wa taratibu, hapendi jambo lenye kelele. Alifikiri siku mbili, kisha akasema kuuliza hakuvunji jungu, akapeleka neno Miburani: je, Shaibu anaweza kujenga Kiegeani? Kiwanja atampa yeye.

Jibu lilikuja na Bi Bimkubwa, dada yake Zahor, aliyepanda punda mweupe na kijakazi nyuma. Alikunywa kahawa, akasifu halua, akauliza afya za watu wote mpaka za mbuzi. Kisha akasema, "Kwetu sisi mwanamume hamfuati mke."

"Basi Sihaba awe anakuja chuoni asubuhi, siku tatu tu katika wiki," alisema Tahir. "Nitatoa punda na mtu wa kumsindikiza."

"Mke wa mtu juu ya punda, njia nzima, kwa ajili ya kusomesha watoto wa wavuvi?" Bimkubwa aliweka kikombe. Hakuwa na hasira, alishangaa tu kwa dhati. "Bwana Tahir, huyo binti ana shida gani? Ana kasoro tuambiwe?"

Shaibu mwenyewe alikuja baada ya Ijumaa mbili, kijana mrefu mwenye haya. Alimwambia Tahir kwamba yeye angejenga popote, ila hawezi kugombana na baba yake. Tahir alisema anamwelewa. Alipoondoka, Sihaba aliitwa.

"Bado hatujarudisha vitu vyao vya posa," baba yake alimwambia. "Ukisema ndoa iendelee, itaendelea, na hakuna atakayekulaumu. Kafikiri."

Alifikiri tangu adhuhuri mpaka alasiri. Zuleikha alipita mbele yake mara nyingi bila kusema kitu, na hilo ndilo Sihaba alilolikumbuka zaidi baadaye, jinsi mama yake alivyojizuia. Akaenda kwa baba yake akasema hapana. Vitambaa na vikuku vikarudishwa Miburani.

Kesho yake alilia anafagia chuo. Alikuwa amemwona Shaibu mara moja tu kwenye maulidi, kwa hiyo hakuweza kusema kwa hakika kama anamlilia yeye, au anaogopa. Alimaliza kufagia, akamwaga takataka, akawaita watoto.

Maneno yalienea upesi. Kina mama watatu waliwatoa binti zao, wakasema kitabu kipya cha Biubwa kinavunja posa za watu. Wakabaki wanafunzi wanane. Sihaba alipomwambia mwalimu, Biubwa aliuliza majina ya waliotoka, akayataja mmoja mmoja, akasema wanane ni wengi kwa mtu anayejifunza kusomesha. Na ni kweli, Sihaba hakuwa mwalimu mzuri mwanzoni. Alikuwa na haraka. Mtoto akikosea, alimkatiza na kumsomea mwenyewe. Alihitaji mwaka mzima kujifunza kunyamaza.

Shaibu alioa Miburani mwezi uleule uliokuwa umepangwa. Sihaba alikaa, akatimiza kumi na nane, ishirini, ishirini na moja, umri ambao majirani walianza kumsalimu kwa upole kama mtu aliyefiwa. Wawili kati ya wasichana waliotolewa walirudi chuoni, wakaja na wengine. Halafu akaja Mbaraka, fundi wa kushona matanga kutoka kisiwa cha Bwejuu, mgane wa miaka thelathini, aliyeachiwa na marehemu mkewe mtoto mmoja wa kike. Alikuwa amemleta mtoto kusoma, akawa anamfuata kila siku mapema kuliko ilivyohitajika. Alipopeleka posa na kuambiwa sharti, hakuomba muda wa kufikiri. "Tanga hushonwa popote penye kivuli," alimwambia Tahir. Wakajenga nyuma ya nyumba ya Biubwa, ambaye wakati huo alikuwa haoni kabisa, na ambaye hata siku ya ndoa aliuliza kama watoto wamesoma asubuhi.

Sihaba alimwomba mama yake aje asomeshe naye. Zuleikha alikataa. Alisema yeye ana ukili wake, na mambo yake yamepita. Mwaka uliofuata aliombwa tena, akakataa tena, safari hii kwa ukali. Mara ya tatu, wanafunzi walipofika ishirini na sita na Sihaba ana mimba ya miezi saba, alisema atakuja Jumamosi kutazama tu. Akaja. Alisomesha mpaka adhuhuri, watoto wawili wakalia, na mmoja aliyeshindwa na juzuu ya kwanza tangu mwezi wa mfungo akaimaliza. Jumapili alitangulia kufika kabla ya Sihaba.