Tete la Namba 417

Watoto wangu wote, kule Katogota, niliwafundisha kitendawili hiki kabla hawajajua kufunga vifungo vya shati: Ninahama, yeye anabaki, hana mdomo, lakini anasema nilikoenda.

Jibu ni tete. Kwetu katika bonde la Ruzizi mto ukipanda, nyumba inahama, na mwenye nyumba haondoki hivihivi. Anakata tete moja, analichomeka katikati ya mafiga ya zamani, analiinamisha upande anaokwenda. Mtoto akirudi kutoka mbali akakuta nyumba haipo, haulizi mtu. Anaangalia tete, anafuata. Na nyumba iliyohama bila kuacha tete, kila mtu anajua maana yake: imemkataa mmoja wao, haitaki aifuate.

Libérat, kitindamimba wangu, ndiye alikuwa mwepesi kuliko wote. Kwa Kirundi anayetega husema "Sokwe", anayepokea husema "Niruze", na huyo mutoto alikuwa akisema Niruze hata kabla sijamaliza kufungua mdomo. Basi jina likamganda. Shuleni alikuwa Libérat, nyumbani alikuwa Niruze.

Siku watu walipokimbia vita, alinipakia nyuma ya baiskeli akanisukuma mpaka karibu na mpaka wa Kavimvira. Watu walikuwa wamebanana kama ndagala, wale samaki wadogo, juu ya mkeka. Alinikalisha chini ya ukuta wa ghala, akaniambia nimngoje atafute maji. Risasi zikalia. Nilimwona akivuka mpaka. Nilimjua kwa mgongo, kwa shati la kijani ambalo kola yake niliishona kwa mikono yangu. Hakugeuka. Nilikaa pale ukutani siku mbili, mpaka wanawake wa mtaa wa Songo, Uvira, waliponiokota.

Sikuwaambia watu kwamba nilimwona. Nilisema tu tumepotezana.

Félicité, mutoto wa binti yangu marehemu, niliyemlea minye mwenyewe, ana kaduka ka fotokopi hapa mtaa wa Kasenga. Anajua ordinatere, hizo kompyuta. Katika chumba cha nyuma aliweka serveri, yaani mashine isiyolala, inayotunza kurasa na kumpa kila anayeziomba kwa simu. Alipoona machozi yangu hayakauki alifungua tovuti ya kutafuta watu wa bondeni waliotawanyika. Kila aliyepotea alipewa ukurasa wake: picha, jina la anayemtafuta, namba ya simu ya nyumbani, na maneno machache. Adrese, ile anwani ya ukurasa, iliishia kwa namba. Libérat alikuwa 417. Maneno niliyomwambia Félicité aandike yalikuwa haya: "Libérat, ya pale ukutani nimeyasahau. Rudi."

Félicité aliniuliza ni ukuta gani. Nilimwambia aandike tu.

Habari zilivuka mpaka. Watu wa kambi ya wakimbizi ng'ambo waliandika namba zao kwenye karatasi, wengine kwenye viganja, wengine nyuma ya kadi ya uchaguzi. Kila wiki mtu alipatikana, na mama fulani alikuja dukani na ndizi au samaki kumshukuru Félicité. Kwangu kulikuwa kimya.

Halafu simu yangu ikalia. Sauti ilikuwa imekauka, ikasema, "Mama, ni minye Libérat. Niko mpakani, wamenizuia." Ikataka nitume pesa za kuwapa walinzi. Nilituma nilichokuwa nacho, nikachukua shuka safi, nikapanda pikipiki kwa mara ya kwanza maishani. Nilikaa mpakani tangu asubuhi mpaka walipofunga kizuizi. Kila kijana aliyevuka nilimtazama usoni. Minye, niliyetega vitendawili maisha yangu yote, sikuikumbuka hata Sokwe moja ya kuijaribu ile sauti.

Mwezi ule familia sita zilidanganywa vivyo hivyo. Félicité ndiye aligundua. Wezi walikuwa wakihesabu tu. Ukijua 416, hata mutoto wa darasa la kwanza anajua kinachofuata. Walipita ukurasa kwa ukurasa wakiokota namba za simu kama kuku anayeokota mahindi kwenye uwanja.

"Iko kitu kinaitwa kiongezo, Koko," aliniambia, kama anavyoniita minye bibi yake. "Unakiweka ndani ya serveri, kinageuza adrese."

Nilimwambia anieleze kwa lugha ya watu. Akafikiri, akacheka, akanitegea: mutu mmoja, majina mawili, la mlangoni analisema mgeni, la ndani analijua mwenye nyumba peke yake. Nikashindwa. Akasema ndiyo hiyo kazi ya kiongezo. Mgeni ataandika jina, si namba. Kiongezo kitalipokea mlangoni, kitaliandika upya kuwa namba, na serveri itatoa ukurasa bila kumwonyesha mtu namba hiyo. Kila familia ichague neno ambalo mutu wao tu analijua.

Nikasema la kwetu ni Niruze.

Tulifanya kazi ile siku ya Jumatatu, baada ya Dominika ya Matawi. Nilikaa naye chumba cha nyuma tangu asubuhi, nikimenya karanga. Kiongezo chenyewe kilishuka polepole, kwani rezo, yaani mtandao, ya Kasenga siku hiyo ilikuwa ikitembea kama bata mwenye mayai. Kilipofika, Félicité alikiweka mahali pake, akaiambia serveri ikitambue, akaanza kuandika kanuni. Alinisomea ya kwanza: akiomba niruze, mpe 417, lakini 417 isionekane. Akaizima serveri na kuiwasha. Ikagoma. Akasoma mstari kwa mstari, kidole kwenye kioo, akakuta amesahau alama moja ndogo kama inzi. Akaiweka. Ikaamka.

Aliniambia niandike mwenyewe kwenye simu. Nina elimu ya darasa la sita, kuandika naweza. N, i, r, u, z, e. Uso wa mutoto wangu ukaja, ile picha ya cheti, masikio yamesimama. Nikapiga kigelegele mpaka mteja wa fotokopi akachungulia.

Majina yote yalipokwisha kuingia, Félicité aliondoa mikono juu ya mashine.

"Koko, bado namba za zamani. Ziko wazi. Nikizifunga leo, aliye na namba kwenye karatasi atakuta patupu. Nipe kesho moja. Nitaweka ukurasa kwenye kila namba, useme tu tumehama, andika jina lako la nyumbani. Ni tete lako lilelile."

"Na mwizi?"

"Mwizi atasoma kwamba tumehama. Simu hataiona, na jina hana."

"Mwizi naye ana macho ya kufuata tete. Weye funga."

"Kesho moja tu, Koko."

"Nilikaa mpakani siku nzima na shuka mkononi. Hiyo kesho sina. Mwenye kututafuta kwa nia njema atauliza. Funga leo."

Félicité hajawahi kunikatalia jambo. Nilimlea hivyo, na nilikuwa najivunia. Aligeukia mashine, akaandika mstari mmoja mfupi. Namba zote mia sita na kitu zikafungwa. Nilikunja karanga zangu kwenye kitenge, nikaenda nyumbani nikiwa mwepesi kama niliyetoka kuungama.

Na kweli, simu za walaghai zilikatika wiki ileile. Familia zilizokuwa na ndugu wanaojulikana waliko ziliwapigia zikawapa majina mapya. Wachache walilalamika, wakaelekezwa. Kanisani walinishika mkono, wakasema minye Generose nina akili kuliko waliosoma. Nilizipokea sifa hizo, na zilikuwa tamu.

Firmin alirudi kutoka kambini miezi miwili baadaye. Ni jirani yetu wa Katogota, shamba lake la mpunga linapakana na letu. Alinikuta mlangoni nikipepeta mchele. Alinisalimu kwa jina la heshima, Mama Libérat, halafu jina lile likamkaa mdomoni kama mfupa. Nilimletea chakula, akanawa mikono, hakula.

Alisema alikuwa hema moja na mutoto wangu.

Niliketi chini. Alinieleza taratibu, akiangalia sahani. Libérat alikuwa mzima, hana jeraha. Namba 417 alikuwa nayo muda mrefu, mtu alimwandikia nyuma ya kadi yake ya uchaguzi, lakini miezi minne hakuifungua. Wenzake walimtania kwamba anaogopa kusikia ameitwa kulima. Yeye alisema ataifungua siku atakapokuwa na neno la kumwambia mama yake. Lile neno lilikuwa la pale ukutani. Firmin hakujua. Minye nilijua.

"Siku moja asubuhi akaniomba simu," Firmin alisema. "Akanawa uso kwanza, kama mutu anayeenda misa. Akaandika namba. Ikakataa. Akaandika tena. Mara ya tatu akairudisha simu polepole."

"Akasema nini?"

"Alisema, mama amehama bila kuacha tete. Minye nikacheka, Mama Libérat. Nilidhani ni vile vitendawili vyenu."

Jioni ile Firmin alifungua ukurasa wake mwenyewe, 388, nao ukakataa. Akampigia shangazi yake huku Uvira, akaambiwa ni mashine, zimegeuzwa zote, si yake tu. Akakimbia kumtafuta Libérat ili amwambie. Wengine wote waliokuta patupu waliulizana, wakacheka, wakapewa majina yao. Libérat hakumwuliza mtu. Kulikuwa na lori lililopeleka watu Tanzania, na wengine walikuwa wakiendelea mpaka Zambia. Alikuwa amepanda mchana, na kablanketi kake. Simu hana. Tangu hapo hakuna aliyemsikia.

Nilimwuliza ilikuwa siku gani. Akahesabu kwa vidole. Jumatano ya Wiki Takatifu.

Sisi tulifunga Jumatatu.

Nilikwenda dukani bila viatu. Félicité aliponiona aliacha wateja. Nilimwuliza kama mashine yake inakumbuka wageni. Akasema iko na daftari, kila anayebisha anaandikwa humo, hata asiyefunguliwa. Nikamwambia atafute Jumatano ile. Alitafuta muda mrefu, maandishi yakipita kwenye kioo kama mvua. Akasimama. Hakunisomea, nilisoma mwenyewe, maana namba nazijua.

417, hakuna. 417, hakuna. 417, hakuna.

Saa nne kasoro dakika chache asubuhi, zote ndani ya robo saa, simu moja, kutoka ng'ambo. Mutoto wangu alibisha mara tatu, na kila mara aliyemjibu ni minye.

Félicité alianza kulia, akasema ni vidole vyake vilivyofunga. Nilimwambia vidole ni vyake lakini mdomo ulikuwa wangu, asinipunguzie mzigo. Akajifuta, akakaa mbele ya serveri, akaandika ule ukurasa wa kusema tumehama, akauweka kwenye namba zote. Ile kazi niliyomnyima kesho moja ilimchukua saa mbili. Wateja walikuwa bado wanasubiri fotokopi zao.

Watu wananiambia nisijitese, wezi ndio wenye kosa. Ninawaitikia. Hawajui kwamba mwizi alichukua siku yangu moja tu pale mpakani. Padri aliniambia mutoto atarudi, Mungu ana njia zake. Mungu ana njia, ndiyo, lakini mafigani palikuwa pangu, na tete lilikuwa mkononi mwangu, na mutoto alinikumbusha kwa kitendawili changu mwenyewe.

Kila Jumamosi ninapita dukani. Félicité anajua nilichofuata, anafungua daftari kabla sijaketi.

"Kuna aliyebisha 417?"

Zamani alikuwa akisema hapana. Wiki iliyopita alipitisha kidole kwenye mistari.

"Iko mmoja, Koko. Kila siku asubuhi."

Nilishika ukingo wa meza. "Anatoka wapi?"

"Hapa Kasenga." Akafunga daftari. "Ni simu yako."

Ndiyo, ni minye. Nikiamka, kabla ya kuwasha moto, ninaandika ile namba niliyoichukia, nione kama tete bado limesimama. Linafunguka: Tumehama, andika jina lako la nyumbani. Ninaandika Niruze. Uso wake unakuja na yale masikio, na chini yake maneno yangu kwamba ya pale ukutani nimeyasahau. Ninayasoma mpaka mwisho, kisha ninakwenda kuwasha moto.