Kahawa Isiyotiwa Maziwa

Tangu aolewe Runyenjes, Ciakuthii alikuwa amelima kahawa bila kuinywa. Nyumbani walikunywa chai ya maziwa. Kahawa ilikuwa ya kupeleka kiwandani, na wazungu wakisema ni ya daraja la chini, nani angebisha?

Serikali ilipoamua vyuo vya ufundi vifundishe kuonja kahawa, bintiye Wamuyu akajiunga. Ciakuthii alinuna wiki nzima. Yeye alitaka binti awe nesi. Tangu lini kuonja kukasomewa?

Siku mnunuzi kutoka ng'ambo alipokuja kiwandani kuonja mavuno, Ciakuthii, asiyetaka kuitwa mchoyo, alifika na birika la maziwa moto na sukari. Wamuyu, sasa mwonjaji wa kiwanda, akamshika mkono.

"Mama, hii haitiwi kitu."

Kisha akachota kijiko kimoja, akaifyonza kahawa kwa kelele kama ndama, akaitema koponi mbele ya mgeni. Ciakuthii alitamani ardhi ipasuke immeze. Adabu ya mezani alikuwa amemfundisha kwa mwiko.

Lakini mgeni naye akafyonza, akatema, akasema ni kahawa ya kawaida tu.

"Si ya kawaida," Wamuyu akamjibu kwa upole. "Mwishoni ina utamu wa chungwa. Hebu ionje tena ikipoa."

Mgeni akangoja, akaonja tena. Halafu akacheka na kukubali kuwa ni ya daraja la juu.

Ciakuthii akaomba kijiko. Alifyonza kwa kelele zaidi kuliko wote wawili, ila yeye hakutema.