Kitufe cha Nne

Jumamosi ya pili ya mwezi wa tisa, mnamo saa nne asubuhi, Telesphor aliegesha gari lake aina ya Noah mbele ya kibanda cha fundi Isidori pale Shanwe, akamwambia redio inasumbua. Besi ilikuwa inaunguruma hadi vioo vinatikisika, lakini nyimbo zenyewe zilisikika kama zinaimbwa na watu waliojifunika blanketi. Telesphor alikuwa muuza mbegu na mbolea mjini Mpanda, mtu wa benchi la mbele kanisani, na gari lake lilioshwa kila Ijumaa. Hakupenda kitu chake chochote kionekane kibovu.

Isidori alifuta mikono kwenye suruali, akakaa kiti cha abiria. Ekwalaiza ya gari lile ilikuwa na vitufe saba vya kusukuma juu na chini. Viwili vya kushoto vilikuwa vya besi, viwili vya kulia vya trebo, na vitatu vya katikati ni vya sauti za kati, ambako watu huongea na kuimba. Besi ilikuwa imepandishwa hadi mwisho. Kitufe cha nne, kile cha katikati kabisa, kilikuwa kimeshushwa hadi chini.

“Nani alikishusha hiki?”

“Mimi. Kilikuwa kinakwaruza.”

“Tangu lini?”

“Mwezi wa sita hivi.”

“Hiki ndicho cha watu, bosi,” alisema Isidori. “Ukikishusha hiki umewafunga watu midomo.”

Aliweka nyimbo za kwaya. Akapunguza besi kidogo, akasikiliza, akapunguza tena. Trebo akaiacha nusu. Kisha akasukuma kitufe cha nne kwenda juu kwa ncha ya kidole. Kwaya ilisogea mbele, sauti ya kwanza ikaachana na ya pili, na katikati yao akasikika mwanamke ambaye hakuwa anaimba.

“Shemeji, simama,” alisema mwanamke huyo. “Shemeji, ni sisi. Simama.”

Isidori alikishusha kitufe, sauti ikapotea. Akakipandisha, ikarudi. Alibadilisha wimbo, akahamia kwenye stesheni za redio, mwisho akazima muziki wote na kuacha spika wazi. Mwanamke alikuwepo kote, na nyuma yake ulisikika mnyororo wa baiskeli uliokauka mafuta.

“Huku si kukwaruza,” alisema Isidori. “Ni mtu.”

Telesphor alikuwa anatazama usukani. “Huwezi kumtoa?”

“Huyu hatoki kwa bisibisi. Nimeshakutana nao wawili, mmoja alikuwa kwenye pikapu ya Karema. Dereva anaitwa njiani, anasikia, halafu anaongeza muziki ili asisikie. Sasa ile sauti inakosa pa kwenda, inabaki humu kwenye mid, kwenye sauti za kati.” Alichungulia nyaya nyuma ya redio kwa tochi ya simu, akaridhika nazo. “Usiposikia haiingii. Njia yake ni sikio la dereva.”

Alisema hayo bila kumlaumu, kama mtu anayeeleza jinsi maji yanavyoingia kwenye tenki la mafuta. Telesphor alijisikia uso unawaka. Alimwomba akishushe kitufe kama kilivyokuwa, akaondoka.

Aliijua sauti ile tangu neno la kwanza. Mwezi wa sita alikuwa anatoka Kabungu kukagua shamba lake la mahindi, viti vya gari vimevikwa vitambaa vyeupe, maana saa nane mchana bibi harusi angepanda humo na yeye ndiye angeongoza msafara mjini. Mahali barabara inapoteremka kwenye korongo aliona watu wawili na baiskeli. Danford, mdogo wake wa tumbo moja, alikuwa anasukuma. Suzana, mke wa Danford, alikuwa amekaa kwenye keria, mkono mmoja kashikilia tumbo, mwingine anapunga khanga. Telesphor aliwaona wakiwa bado mbali, kwa hiyo alipata muda wa kutosha wa kufikiri. Alifikiria vile vitambaa. Alifikiria kwamba gari jingine halitakosa kupita. Alipowakaribia Suzana aliita, na yeye akapandisha kioo, akaongeza muziki, akawapita.

Gari jingine halikupita kwa saa mbili. Mtoto alizaliwa kando ya barabara, wa kike, akakaa kidogo bila kulia, akafa. Walimzika kesho yake. Tangu siku ile Suzana hakutoa tena sauti. Daktari alimmulika kooni, akasema koo ni zima. Msibani Telesphor alipeleka magunia mawili ya mchele, akakaa mbele pamoja na wazee, na alipoulizwa kama hakuwaona alisema vumbi lilikuwa jingi. Alipoulizwa kama hakusikia, alisema muziki ulikuwa mkubwa. Hili la pili lilikuwa na ukweli ndani yake, ndiyo maana alilirudia zaidi.

Baada ya siku ile ya Shanwe hali ya gari ilizidi. Saa ya taarifa ya habari ulipigwa muziki wa kufungulia, kikafuata kimya, ukapigwa muziki wa kufungia. Kwaya zilibaki ngoma na kinanda. Halafu hata waliopanda garini wakaacha kusikika. Binti yake Glory, akirudishwa kutoka shule, alikuwa anaongea kiti cha nyuma, na Telesphor alimwona kwenye kioo midomo inacheza. Aliitikia kwa kichwa mahali alipodhani panafaa. Alisema moyoni kwamba mtu anaweza kuzoea, na kwa wiki mbili alizoea.

Jumapili ya tatu mkewe, Theopista, alikaa mbele. Aliongea kutoka kanisani mpaka kwenye mzunguko wa barabara, akagundua hajibiwi, akaiangalia redio. Alikuwa mwanamke wa kutengeneza vitu mwenyewe. Akanyoosha mkono na kusukuma kitufe cha nne juu.

“Shemeji, simama. Shemeji, ni sisi. Simama.”

Theopista alisikiliza mpaka mwisho, na mwisho haukuwepo, sauti ilianza upya. Nyumbani alimwambia Glory atangulie ndani, yeye akabaki amekaa na Biblia mapajani.

“Baba Glory. Kule msibani wanawake waliniuliza jikoni kama kweli hukusikia.”

“Ukawajibu nini?”

“Niliwaapia.” Alifungua mlango, akashusha mguu mmoja, akasita. “Ile sauti ina mwenyewe. Mpelekee.”

Kesho yake mchana Telesphor alikwenda Kabungu. Alitembeza gari polepole kuliko kawaida, na kila alipopita watu aliona aibu kama vile gari lilikuwa limeandikwa ubavuni. Danford alikuwa uani anapukuchua mahindi. Suzana alikuwa anapepeta, na alipomwona shemeji yake aliinama kidogo kumsalimu, maana hakuwa na namna nyingine. Telesphor alikuwa amepanga maneno ya kuanzia, lakini alipofika pale hakuyapata. Aliacha milango wazi, akarudi kukaa kwenye usukani, akakipandisha kitufe.

Sauti ilitoka kwenye spika nne, ikajaa ua mzima. Kuku walisogea pembeni. Danford aliacha gunzi mkononi.

“Kaka. Si ulisema hukusikia?”

“Nilisema hivyo.”

“Na vumbi?”

“Vumbi halikuwepo. Niliwaona kutoka mbali.”

Danford aliitazama ile Noah, safu zake mbili za viti vya nyuma, nafasi ya kuweka mizigo. Telesphor alingoja kupigwa, na aliona angeshukuru kupigwa. Danford alirudi kwenye gunia, akaendelea kupukuchua, ila sasa punje zilikuwa zinaruka nje ya beseni na hakuziokota.

Suzana aliweka ungo chini, akajipangusa makapi, akaja kukaa kiti cha abiria. Aligusa spika ya mlangoni kwa kiganja kama mtu anayemshika mtoto kuona kama ana homa. Mwito ukakatika. Akafungua mdomo, na kwenye spika zote nne akasikika yeye mwenyewe.

“Punguza besi,” alisema.

Telesphor alipunguza.

“Na huku kwenye trebo kunauma. Shusha kidogo. Hapo.” Alitulia, akajisikiliza anavyopumua. “Jirani yetu Baba Didace aliazima jembe letu tangu mwezi wa saba, nimeshindwa kumdai. Nipeleke.”

Ndivyo ilivyoanza. Kwanza walijaribu kumrudishia Suzana sauti yake moja kwa moja. Isidori alikuja Kabungu na pikipiki, akaing’oa redio na spika, akazifunga sebuleni kwa betri. Zikapiga muziki mzuri tu, na Suzana akifungua mdomo hakuna kitu. Wakarudisha garini, Telesphor kwenye usukani, ikakubali. Akakaa Danford kwenye usukani, ikagoma. Akakaa jirani, ikagoma. Alipokaa tena Telesphor, Suzana alimwambia fundi asante kwa kazi, na karibu chakula.

“Basi ni hivyo,” alisema Isidori, akinawa. “Mahali ilipoingilia ndipo inapotokea. Bosi, usiuze gari.”

Kwa hiyo Telesphor alikwenda Kabungu Jumatano kwa ajili ya gulio, na Jumapili kwa ajili ya misa. Gulioni aliegesha karibu na wauza dagaa wa Kapalamsenga, na Suzana alibishana nao bei kwa spika za milango. Wachuuzi walilizoea gari lile haraka, wakawa wanaelekeza majibu yao kwenye gurudumu la mbele. Kanisani gari liliegeshwa ubavuni, madirisha ya kanisa wazi, na waumini walipoitikia, sauti moja iliitikia kutoka nje, safi, kitufe cha nne kikiwa robo tatu. Telesphor hakuingia tena kusali ndani. Akitoka kwenye kiti, Suzana anakatika katikati ya neno. Benchi lake la mbele mjini lilipata mtu mwingine.

Watu wote wa Kabungu walijua gari lile lilipataje sauti, na hakuna aliyelizungumza mbele yake. Walimwamkia vizuri. Wengine walimletea maji ya kunywa dirishani. Hilo lilimchoma kuliko matusi, na alikuwa anakunywa yale maji huku ameangalia chini.

Kitu kimoja alikuwa anakingoja. Kila Suzana alipoketi na kushusha pumzi kwenye spika, Telesphor alijiandaa kwamba leo atamwambia. Atamlaani, au atamsamehe, lolote. Suzana aliongea habari za nguruwe walioingia shambani, mvua, mafuta ya kula. Siku moja uvumilivu ulimwishia.

“Shemeji, mimi huna la kuniambia?”

Suzana alifikiri kwa haki kabisa, kama mtu anayetafuta ufunguo kwenye mkoba.

“Siku ile nililisema lote,” alijibu. “Ulilisikia.”

Tarehe mbili ya mwezi wa kumi na moja, siku ya kuwaombea marehemu, Wakristo wa Kabungu walikwenda makaburini na maua ya porini. Padri alikuwa upande mwingine wa parokia, kwa hiyo ibada iliongozwa na katekista Ambrosi, mzee aliyekuja na kopo la rangi nyeusi na brashi ili kuandika upya majina yaliyofutika. Mvua za kwanza zilikuwa zimeshanyesha na mtaro wa pembeni ulijaa maji. Noah haikuweza kuvuka. Ilibaki barabarani, hatua kama arobaini kutoka kwenye makaburi, pua yake imeelekea huko.

Kaburi la mtoto lilikuwa la mwisho, msalaba wake wa mbao haujaandikwa kitu. Danford alitaka kuandika “Mtoto wa Danford” tangu mwezi wa sita. Suzana alimkatalia kwa kichwa. Walimpa daftari aandike jina analolitaka, akalisukuma. Jina la mtoto, alikuwa ameeleza kwa mikono, mama yake analitamka.

Ambrosi alifika pale, akachovya brashi, akamgeukia.

“Haya, mama. Tuandike nani?”

Suzana alitazama kule barabarani, akainua kiganja kuelekea juu. Telesphor alielewa. Aliongeza sauti hadi mwisho. Kwa kiwango kile besi ingevuruga maneno, akaishusha yote. Akapunguza trebo isiume masikio ya wazee. Kitufe cha nne akakipandisha mpaka kikagota. Kazi aliifanya vizuri. Haikuwahi kutoka safi namna ile.

“Rozalia,” alisema Suzana.

Jina lilivuka mtaro, likapita juu ya makaburi, likaenda hadi kwenye miti. Lilikuwa jina la mama yao Telesphor na Danford, aliyefariki mwaka mmoja kabla, na kaburi lake lilikuwa hapo hapo hatua tatu kutoka kwa mjukuu. Hakuna aliyekuwa amewaambia kwamba mtoto angepewa jina la bibi yake. Telesphor aliinua mikono kuziba uso, akaishusha tena, kwa sababu aliogopa kiwiko kingegusa kitu kwenye redio.

“Rozalia binti Danford,” alirudia Suzana, taratibu, kwa ajili ya mwandishi. “Alizaliwa njiani.”

Ambrosi aliandika jina. Aliuliza kama na hilo la njiani aliandike, Danford akasema liandikwe. Herufi zilichukua muda, mbao ilikuwa na unyevu. Telesphor kutoka kwenye kiti chake aliona migongo ya watu tu, na mkono wa katekista unapanda na kushuka. Angetoka kwenda kusimama nao, Suzana angekatika, na alikuwa bado hajamaliza. Alikuwa anamwimbia mtoto wimbo mfupi wa Kibende, wa kumlaza.

Alipomaliza wimbo, watu walisali, wakawasha mishumaa, upepo ukaizima, wakaiwasha tena. Suzana akageuka.

“Zima sasa, shemeji,” alisema.

Telesphor alizima. Watu wakaanza kuvuka mtaro mmoja mmoja, wakalipita gari pande zote mbili, wakimsalimu Tumsifu Yesu Kristo, naye akimjibu kila mmoja Milele amina, mpaka wakaisha.