Kioo cha Mke wa Fundi Saa

Mjukuu alikuwa uani na kioo cha kunyolea cha baba yake. Alikuwa anaunasa mwanga wa jua na kuurusha kwenye ukuta wa jirani, juu, chini, juu tena. Bibi yake, aliyekuwa anaanika nguo, akamuuliza anacheza nini.

"Nacheza Fundi Saa."

"Fundi saa hufanya hivyo?"

"Yule msaliti, bibi. Shule walitupeleka matembezi ya vita. Alikuwa na duka, anawaonyesha adui kwa kioo mahali pa kupiga mabomu. Watu wa mtaa wakamgundua, wakamuua." Akaurusha mwanga tena, safari hii ukampita bibi usoni. "Kila mtu alipewa kioo ajaribu. Mimi nilifikisha mpaka mlimani."

Bibi akabaki na shati mkononi, maji yakimchuruzika mpaka kwenye kiwiko. Ndani ya nyumba ile babu alikuwa picha ukutani, mwanamume mwembamba aliyefariki wakati wa vita, basi. Hakuna aliyemwambia mtoto kuwa babu alikuwa fundi saa. Baada ya mazishi walihamia mtaa wa mbali, na mji ni mkubwa, na kinywa kilichofungwa hakiingii nzi. Mjane aliamini kwamba wale waliomwita mumewe msaliti wangezeeka, wangekufa, na neno lao lingezikwa nao. Kumbe neno lilikuwa limeajiriwa.

Jioni akamweleza wifi yake, dada wa marehemu, ambaye alikaa chumba cha pili na hakuna siku aliyokosa la kusema.

"Jumamosi nakwenda kwenye hayo matembezi," mjane alisema.

"Kufanya nini?"

"Kumsikia kaka yako anavyosemwa."

"Wifi, mimi huyo kaka nimemlia mpaka macho yakaniharibikia. La kuvunda halina ubani. Liache lilale."

"Halijalala. Linatembezwa mjini kila Jumamosi."

Wifi akachokonoa meno. "Basi twende wote. Nitavaa miwani ya jua, niwe mtalii. Wakiniuliza natoka wapi nitasema mbali."

Kundi lilikutana mbele ya kituo cha zamani cha treni. Walikuwepo bwana na bibi harusi wa juzi juzi walioshikana mikono kama wanaogopa kuibiwa, walikuwepo walimu wastaafu, na mwanamume mmoja mwenye kofia pana aliyekuwa anapiga picha kila kitu hata kifuniko cha mtaro. Mwongoza watalii alikuwa kijana msafi, mwenye heshima, aliyezaliwa bunduki zimeshanyamaza. Kiunoni alifunga kipaza sauti kidogo na maikrofoni yake ilimkaa shavuni kama chunusi. Wifi akambatiza hapo hapo: Kipaza.

"Karibuni mama zangu," Kipaza aliwaambia. "Mkichoka mseme. Hatukimbii leo, vita vimekwisha."

"Afadhali wewe umetuarifu," wifi alijibu.

Wakaonyeshwa handaki ambamo watu walijificha, sasa stoo ya viti vya plastiki. Wakaonyeshwa shule iliyokuwa hospitali. Kipaza alijua kazi yake. Alijua wapi ashushe sauti na wapi aache watu wasikie nyayo zao wenyewe. Mjane alimsikiliza, na ajabu ni kwamba mengi yalikuwa kweli. Ndiyo, walichemsha maji ya mtaro. Ndiyo, walizika uani. Kila ukweli alioutaja ulimtia mjane hofu, kwa sababu aliona watu wanavyomwamini, na aliona uongo utakapofika utakuta mlango uko wazi.

Wakafika kwenye kona.

Duka lilikuwa sasa la simu. Vifuniko vya simu vya rangi rangi vilining'inia dirishani, mahali pale pale ambapo Fundi aliweka meza yake, kibano chake, na lenzi aliyoibana jichoni mpaka ikamchimbia duara lisilofutika usoni. Mjane alikuwa akilibusu duara hilo. Hilo Kipaza hakulijua.

"Kikulacho ki nguoni mwako," Kipaza alianza, na sauti ikashuka. "Hapa palikuwa na fundi saa. Mtu mpole, jirani wa kila mtu. Upande ule, mnapoona hoteli pale mlimani, ndipo mizinga ilipokuwa. Asubuhi moja watu wamepanga foleni ya mkate, hapa hapa mliposimama. Kombora likaanguka katikati yao. Ndipo wakakumbuka: dukani kwa fundi, siku zote, kulikuwa na kioo kinachomeremeta kuelekea mlimani."

Akatoa mfukoni kioo cha duara, akampa bwana harusi. "Jaribu. Uone ilivyokuwa rahisi."

Bwana harusi akajaribu. Mkewe akampiga picha. Mwenye kofia naye akaomba zamu.

"Wifi," wifi alinong'ona, "tuondoke."

"Bado."

"Watu wa foleni walimtoa nje," Kipaza alimaliza. "Hakufika jioni." Akaacha kimya kipite, kisha akawageuza kwa mkono, taratibu, kama mchungaji.

Mjane alingoja mpaka kundi likatawanyika kwenye uwanja, kila mtu akimshukuru Kipaza. Akamwendea.

"Mwanangu, yule fundi saa alikuwa mume wangu."

Kijana hakucheka wala hakukimbia. Uso ulimbadilika, akazima kipaza sauti, akamshika mkono na kumkalisha kwenye ngazi za benki iliyofungwa. Akaomba ruhusa arekodi kwa simu. Mjane akakubali. Alikuwa hajawahi kuombwa ruhusa ya kusikilizwa.

Akamwambia yote. Kwamba umeme ulikatika na haukurudi. Kwamba madirisha yalizibwa kwa mbao kwa ajili ya mabomu, pakaachwa upenyo mmoja tu, na dukani kukawa kiza. Kwamba saa hazikuwahi kupendwa mjini kama wakati ule, maana kulikuwa na amri ya kutotoka nje, na mtu mwenye saa iliyochelewa alipigwa risasi mlangoni kwake. Watu walimletea Fundi saa zao kama wanavyompelekea daktari watoto. Na yeye hawezi kuona kamani, ile springi ya ndani ya saa, wala gurudumu. "Basi nikaleta kioo changu. Kioo changu cha kujitazamia, nilichopewa nilipoolewa. Nikakiweka nje kwenye kiti ili kilirushe jua ndani, mezani kwake, afanye kazi. Jua likisogea, nami nakisogeza. Kioo kilikuwa changu. Hakukigusa hata siku moja. Yeye alikuwa ameinama."

"Hukuwaambia watu?"

"Niliwaambia. Nilipiga kelele mpaka sauti ikakatika. Nani alikuwa na masikio siku ile? Walikuwa wameshika vipande vya watoto wao."

Kulikuwa na jambo moja ambalo hakulisema, kwa sababu hata yeye mwenyewe hakuwahi kulikaribisha kiti: kama kweli mtu fulani kule mlimani aliona kinachomeremeta, akauliza ni nini, akageuza mzinga. Hilo hakuna atakayelijua. Lilimjia alfajiri, likasimama mlangoni, likaondoka.

Kipaza alikuwa anafuta macho, bila kuigiza. "Mama, nitalirekebisha hili. Nakuahidi. Watu lazima wasikie. Njoo Jumamosi ijayo usikie mwenyewe."

Njiani kurudi mjane alitembea kama mtu aliyetua tenga kichwani. Wifi alikuwa nyuma yake, ameivua miwani.

"Mbona husemi kitu?" mjane alimuuliza.

"Nasema nini? Umeshampa mpishi nyama. Sasa usimuulize ataikaangaje."

"Yule kijana alilia, wifi. Umemwona."

"Nimemwona. Hata anayekata kitunguu hulia."

Wiki ile nzima mjane alikuwa mwepesi. Aliimba jikoni. Mwanawe akamuuliza kulikoni, akasema hamna. Ijumaa akamfulia mjukuu gauni lake la manjano, na Jumamosi asubuhi, alipokuwa anamsuka, akamwambia. Wifi alikuwa amemshauri amwambie baada, si kabla, lakini furaha haina subira.

"Yule fundi saa wa matembezi ni babu yako. Hakuwa msaliti. Walimsingizia. Leo mwongoza watalii atasema ukweli mbele za watu, nawe utausikia kwa masikio yako."

Mtoto aligeuka, nywele nusu zimesukwa. Akaitazama picha ukutani kwa muda mrefu, kisha akamtazama bibi. "Kweli?"

"Kweli ya Mungu."

Walikwenda watatu. Kundi la siku hiyo lilikuwa kubwa zaidi. Kipaza alipowaona aliinama kidogo, akaweka mkono kifuani, na mjane akambana mjukuu mkono: huyo, huyo ndiye. Handaki, viti vya plastiki, shule, maji ya mtaro. Kisha kona.

"Kikulacho ki nguoni mwako," Kipaza alisema.

Mjane akahisi wifi anavuta pumzi.

Foleni ya mkate, kombora, kioo kinachomeremeta. Yote kama kwanza. Kisha Kipaza akapandisha mkono. "Kwa miaka mingi tumesimulia kwamba fundi saa alikuwa peke yake. Wiki hii tumepata ushuhuda mpya, na mimi nimeona ni haki muusikie. Kioo hakikuwa cha fundi. Kilikuwa cha mkewe. Kioo chake cha harusi. Alikiweka nje kwenye kiti kila siku, na jua likisogea, yeye anakisogeza. Mume alikuwa ameinama kazini, hakukigusa hata siku moja."

Maneno yote yalikuwa yake mjane, hakuna hata moja lililozuliwa. Yaliyokosekana ni machache tu: kiza, umeme uliokatika, meza, kamani ndogo kama unywele ambayo mtu hawezi kuitengeneza bila mwanga. Pengine yalikuwa marefu, na kundi lilikuwa na vituo vingine vya kwenda. Pengine kijana alidhani yanaeleweka. Watu wakaguna. Mwanamke mmoja akasema, taratibu, "Jamani, mke."

"Na leo tuna bahati ya pekee," Kipaza alisema, uso wake umejaa nuru. "Mama huyo yuko nasi. Baada ya miaka yote hii amekuwa na ujasiri wa kusema."

Akamnyooshea mkono. Watu wakageuka, simu zikainuka, kisha mmoja akaanza kupiga makofi na wengine wakafuata. Walipiga makofi kwa moyo safi, kama wanavyompigia mgonjwa aliyepata nguvu za kusimama.

Kipaza akaichomoa maikrofoni shavuni, akaishika mbele ya mdomo wa mjane.

"Nilikuwa nampa mwanga," mjane alisema. Sauti yake ikatoka kwenye kiuno cha kijana, kubwa, ya mtu mwingine. "Mwanga wa kufanyia kazi. Alikuwa anatengeneza saa."

Watu wakatikisa vichwa kwa huruma. Mzee mmoja akanyoosha kidole.

"Samahani mama. Ishara yenyewe ilikuwaje? Mlikuwa mnameremetesha mara moja, au mlikuwa na mpangilio?"

Mjane akamgeukia wifi yake. Wifi, ambaye hajawahi kukosa la kusema, alikuwa anaitazama barabara. Yule mwanamke aliyesema jamani akamjia mjane, akamkumbatia, manukato yake yakamziba pua. "Mama, muhimu ni kwamba umejisamehe," alimwambia sikioni.

Kisha Kipaza akatoa kile kioo cha duara, kama ilivyo ada ya pale, na mwanamume wa kwanza kukipokea akakigeuza kuelekea mlimani. Mwanga ukaruka juu ya mapaa, ukaipata hoteli, ukatulia dirishani kwake. "Umefika," alisema.

Ndipo mjane alipoona kwamba mkono wake uko wazi. Mjukuu alikuwa amesogea hatua kadhaa, amesimama karibu na dirisha la duka la simu, gauni lake la manjano likiakisi kwenye kioo cha duka.

Wifi ndiye aliyewatoa pale. Alimpita Kipaza, naye kijana akauliza kwa wasiwasi wa kweli, "Mama mkubwa, nimekosea kitu?"

Wifi akasimama. Akamtazama yule kijana msafi kuanzia viatu mpaka nywele, kama anayetafuta pa kuanzia. "Hapana mwanangu," akasema. "Umesema kama ulivyoambiwa." Akaondoka.

Walirudi kwa miguu, hakuna aliyetaka kupanda gari. Wifi alitangulia na mtoto. Mjane aliwafuata akiangalia mistari ya nywele aliyoisuka asubuhi, iliyonyooka, na akawaza kwamba mwanawe atasikia jioni, na mwalimu atasikia Jumatatu, na Jumamosi watasikia wageni wasiomjua. Zamani Fundi alikuwa na mtetezi mmoja. Sasa hana hata huyo. Nani atamsikiliza shahidi ambaye ndiye mshitakiwa?

Walipofika kwenye geti, wifi akaingia ndani moja kwa moja, akafunga mlango wa chumba chake. Mjukuu akabaki anafungua kamba za viatu. Mjane akachutama mbele yake, magoti yakimlia.

"Umesikia walivyosema?"

"Nimesikia."

"Haikuwa hivyo. Nilikuwa nampa mwanga, aone. Duka lilikuwa na kiza."

Mtoto akavua kiatu kimoja, akakiweka pembeni vizuri, kisha cha pili. Akamshika bibi yake bega, kwa upole, kwa mkono mwepesi ambao mtu humwekea mgonjwa asimuumize.

"Najua, bibi," akasema, na akaingia ndani bila kumtazama.